Mtoro Aliyepanga Kwetu Tandika

Tulimzika Atanasi Jumamosi iliyopita, huko Mbagala alikojenga, baada ya misa ya mchana. Mvua ilikuwa imenyesha asubuhi, turubai likabeba maji katikati likawa kama tumbo la ng'ombe, na vijana wakawa wanalisukuma kwa mpini wa ufagio ili maji yamwagikie nje. Nilikuwa nimekaa mkekani na wanawake wenzangu, karibu na masufuria ya wali, nikisikiliza maneno ya upande wa wanaume. Ndiyo tabia yangu tangu usichana, masikio yangu hayajawahi kujua mipaka. Kijana mmoja alikuwa anawaeleza wenzake kwamba marehemu alikuwa mwanajeshi kwao Msumbiji, akakimbia vita, ndiyo maana kaishi mpaka uzee ule. Mjanja huyu mzee, akasema. Wakacheka kile kicheko cha chini cha msibani, kisicho na ubaya. Mama aliyekaa ubavuni kwangu akaniuliza kama ni kweli. Nikamwambia ni kweli. Akauliza, alikimbia kwa nini, aliogopa? Nikafungua mdomo nimjibu, nikaona jibu lenyewe haliwezi kuisha kabla sahani za wali hazijafika. Nikamwambia ni habari ndefu. Tangu siku hiyo ile habari ndefu haijaniacha nilale vizuri, basi naiandika.

Mwaka Atanasi alipokuja kupanga kwetu nilikuwa na miaka kumi na tisa na nilikaa kwa shangazi yangu, Bi Somoe, Tandika. Ilikuwa nyumba ya vyumba sita, vitatu kushoto na vitatu kulia, korido katikati, na mwisho wa korido mlango wa kutokea uani. Shangazi na mie tulikaa chumba cha mbele. Nyumba haikuwa na dari. Kuta zilipanda zikaishia urefu wa mtu na nusu, juu yake ni hewa tupu na mabati, kwa hiyo mpangaji wa chumba cha mwisho akikohoa, wa chumba cha mbele anamwambia pole. Ulikuwa mwaka wa shida. Sabuni foleni, sukari foleni, na unga tulioupata duka la kaya ulikuwa wa njano, wenye harufu ya ghala, ugali wake ukipoa unakuwa mgumu kama kandambili. Lakini nikiukumbuka leo mwaka ule, sikumbuki njaa. Nakumbuka kisamvu cha shangazi kilichotwangwa mpaka kikawa laini kama uji, dagaa waliokaushwa juu ya bati la choo ambako paka hawafiki, na chai ya mchaichai tuliyokunywa na kipande cha sukari guru kinachozungushwa mdomo mpaka mdomo. Sasa nina sukari mpaka daktari ananikataza, na chai haijawahi kuwa tamu vile.

Chumba kilichotazamana na chetu alikaa Mzee Mtepa, ambaye mtaa mzima ulimwita Sajini. Alikuwa amepigana vita vya Uganda, akarudi na goti lisilokunjika vizuri, akastaafu, na wakati huo alikuwa mlinzi wa ghala moja Chang'ombe. Mjane, mtu wa Lindi, mnyoofu kupita kiasi. Asubuhi alikuwa anafagia mbele ya mlango wake kwa mistari iliyonyooka, na akikukuta umekanyaga mistari hiyo kabla jua halijapanda, hakusemi, anachukua ufagio anafagia upya mbele ya macho yako. Alikuwa na mtoto mmoja tu, Shabani, naye askari. Shabani alikuwa anakuja Jumapili akipata ruhusa. Alikuwa anamsalimia baba yake, anamwamkia shangazi, halafu ananikuta uani kwa sababu ambazo hazikuwa na haja ya kuelezwa. Siku moja aliniletea kipande cha sabuni ya kuogea, ya kijani, amekifunga kwenye leso. Mwaka ule kumpa msichana sabuni ilikuwa ni kama kumtolea posa. Sikuiogea. Niliiweka kwenye sanduku la nguo, na shangazi akanusa harufu yake kwenye kanga zangu akacheka bila kuuliza.

Atanasi alikuja mwanzoni mwa kiangazi, akapanga chumba cha mwisho kushoto. Alikuwa na umri wa kama miaka ishirini na sita, mweusi, mwembamba, mwenye chale usoni kama wazee wa Kimakonde, ingawa vijana wa umri wake walikuwa wameziacha. Alisema ametoka Newala, ni mchonga vinyago. Kweli alichonga. Upenuni mwa uani alijisimamishia kibanda cha mabati mawili, akaketi chini na tezo yake na gogo la mpingo katikati ya nyayo, na tangu siku hiyo nyumba yetu ikapata sauti mpya, ile ko, ko, ko ya tezo, na vumbi jeusi lililoingia mpaka kwenye ndoo za maji. Alichonga bakuli, vichwa vya wazee, wanyama wa kuuzia wachuuzi wa Mwenge. Akimaliza kitu anakisugua kwa msasa, halafu kwa kiwi ya viatu, mpaka unajiona sura. Kiswahili chake kilikuwa cha taratibu, chenye lafudhi ya ng'ambo ya Ruvuma, na kila baada ya maneno kadhaa alisita kidogo kama mtu anayetazama kabla ya kuvuka barabara. Alikuwa mpole. Alimchotea shangazi maji bila kuombwa. Shangazi akaamua siku ya tatu kwamba kijana hana mtu wa kumpikia, kwa hiyo atakula na sisi.

Tulikuwa tunakula koridoni, mkekani, jioni kabla Sajini hajaenda lindoni. Wanaume sinia lao, mie na shangazi letu, lakini mkeka ni mmoja na maneno ni ya wote. Sajini ndiye aliyemgundua. Sikuona alichokiona yeye. Aliniambia miaka mingi baadaye. Aliona kwamba Atanasi kila mara anakaa mgongo ukutani na uso mlangoni. Aliona kwamba lori likipiga mlio barabarani, mkono wake wa kulia unakwenda begani, mahali ambapo mkanda wa bunduki ungekuwa. Jioni moja, katikati ya ugali na mlenda, akamuuliza bila kuzunguka alikuwa kikosi gani. Atanasi akaliacha tonge mkononi. Shangazi akasema Baba Shabani, muache mtoto wa watu ale. Lakini Atanasi alikuwa ameshaamua. Akasema hakuwa mtu wa Newala, alikuwa mtu wa ng'ambo, na kwamba alikuwa askari wa serikali ya kwao kwenye vita ya wenyewe kwa wenyewe, na aliondoka bila ruhusa.

Nakumbuka namna ugali ulivyopoa. Sajini akamwambia aeleze. Hakupaza sauti, ila aliuliza kama mtu anayeuliza akiwa nyuma ya meza. Basi Atanasi akaeleza, na mpaka leo sijasikia mtu akieleza jambo kubwa kwa maneno machache vile. Alikamatwa akiwa njiani kupeleka chumvi kwa dada yake. Hawakumpiga, walimpandisha lori tu pamoja na wengine. Wakapelekwa kusini, mbali, siku nyingi za lori, kwenye nchi ambayo ni yao lakini hakuelewa hata salamu za watu wake. Kutoka kwao walikuwa wawili tu, yeye na rafiki yake Kornelio. Chakula kilikuwa kinakuja mwezi huu, mwezi ujao hakiji, na kikiwa hakijaja walikuwa wanang'oa mihogo ya watu walewale waliotumwa kuwalinda. Wakinamama wakawa wanawatazama kwa macho yaleyale waliyowatazamia waasi. Halafu wenzao wakaanza kuondoka. Mmoja alisikia kwamba kijiji chao kimechomwa, hakungoja kuthibitisha. Mwingine aliondoka siku ya mvua ya kwanza. Alisimama mlangoni mwa hema, akanusa udongo, akasema mke wangu peke yake hawezi kulima, akavaa viatu akaenda. Watu walidhani anakwenda chooni.

"Mie nilibaki," Atanasi akasema. "Nilibaki kwa sababu Kornelio alibaki. Tulikuwa tunaongea lugha yetu usiku kabla ya kulala, basi, ilitosha."

Kornelio hakuuawa na risasi. Alikufa kwa kuharisha, kwa siku mbili. Siku aliyokufa Atanasi alikuwa ametumwa maji, kisima kilikuwa mbali, na aliporudi alikuta wameshamzika, maana lilikuwa joto na kulikuwa na maiti wengine. Akauliza ni kaburi lipi. Wakatazamana. Mmoja akaonyesha hili, mwingine akasema hapana, ni lile. Walikuwa watu wazuri, Atanasi akasema, hakuna aliyekusudia ubaya. Ila hawakumjua. Siku ya pili akatumwa maji tena, mchana kweupe. Akafika kisimani, akaweka debe chini, taratibu lisianguke, akaendelea kutembea. Sikuogopa kufa, mzee, akamwambia Sajini. Watu wanafikiri ni hilo. Sijui kama walikuwepo wasioogopa, lakini tuliokimbia hatukuwa waoga kuliko waliobaki.

Sajini akauliza swali ambalo nadhani alikuwa nalo tangu mwanzo.

"Zamu yako siku hiyo ilikuwa saa ngapi?"

"Ya jioni."

"Nani aliishika?"

"Sijui, mzee. Najiulizaga kila siku."

Ndipo Sajini akasema la kwake. Kule Uganda, kijana mmoja wa zamu aliacha mahali pake. Hakwenda mbali, alichoka tu, moyo ulimkatika, akaenda kukaa kwenye migomba. Adui waliopita pale alipotakiwa kuwa walimkuta Mzigua mmoja, rafiki wa Sajini tangu mafunzoni, amelala. Sajini hakusema zaidi ya hapo. Alisema tu kwamba mtoro haondoki peke yake, kuna mtu anamwacha mahali pake. Atanasi hakubisha. Alikubali kwa kichwa, na kule kukubali ndiko kulikomuudhi mzee zaidi, kwa maana mtu anayebisha unaweza kugombana naye. Sajini akainuka na goti lake, akachukua bakuli lake la mboga, akaingia chumbani kula peke yake. Kuanzia jioni ile hakula tena sinia moja na Atanasi. Hakumripoti kwa balozi wa nyumba kumi, hakumsema mtaani. Aliitikia akiamkiwa. Lakini alikuwa anakula chumbani, mlango umerudishiwa nusu, na sisi tulikuwa tunasikia kijiko chake juu ya ukuta.

Tulikaa hivyo miezi kadhaa, na mtu angeweza kudhani nyumba ilikuwa na simanzi. Haikuwa. Shangazi alikuwa anaimba nyimbo za unyago akichambua mboga, na Atanasi alikuwa anamrekebisha maneno ya Kimakonde aliyoyakosea, na shangazi anamwambia wewe mtoto mwanamume umeyajulia wapi haya, wote wanacheka mpaka tezo inasimama. Jumapili Shabani anakuja, anakaa kibandani anasugua kinyago kwa msasa ili apate sababu ya kuwa uani nikiwa nafua. Baba yake aliona, hakumkataza. Walipatana wale wawili. Shabani alikuwa mwongeaji na Atanasi msikilizaji, na mara mojamoja Shabani alimuuliza jambo la jeshi la kule, Atanasi akamjibu, halafu wakarudi kwenye mpira.

Halafu Jumapili moja Shabani alikuja amechelewa, amevaa sare, ambayo kwa kawaida hakuwa anaivaa nyumbani. Alimwambia baba yake koridoni, sote tukisikia: kikosi chao kinavuka Ruvuma, kwenda kusaidia upande wa serikali. Sajini alisimama. Alimpa mkono kama askari kwa askari, akamwambia aende akafanye kazi. Jirani walipokuja kumpongeza, akapokea pongezi amenyooka. Shangazi akaingia chumbani akajifanya anatafuta kanga. Mie nilienda kisimani bila ndoo.

Jioni ileile, magharibi imeshaswaliwa, nilimsikia Sajini akitoka chumbani kwake. Goti lake lilikuwa na mlio wake, huwezi kukosea. Alitembea koridoni mpaka mwisho, akabisha hodi mlango ambao hakuwa ameugusa tangu siku ya kisa kile. Nilikuwa kitandani na shangazi ameketi chini anasuka ukili. Alinyanyua kichwa, na sote wawili tukatazama juu ukutani, kule maneno yanakopita.

"Nieleze huko," Sajini akasema. "Yote."

Na Atanasi akamweleza. Akamweleza maji gani yanaharisha na yapi yanafaa, kwamba wachimbe kando ya mto wasichote mtoni. Kwamba Shabani asitembee pembeni ya barabara, na asiguse kitu kizuri kilichoachwa njiani, huenda kimetegwa. Kwamba kabla ya yote ajifunze salamu ya watu wa pale, hata kama ni neno moja, na asile kuku wa mtu, hata akipewa na mkubwa wake, maana kuku yule atalipwa na mwingine. Kwamba aweke soksi kavu kifuani. Sajini aliuliza kama mtoto wa shule. Nyoka wapo? Mvua zinaanza lini? Watu wenyewe wakoje? Watu kama sisi, Atanasi akasema, wamechoka. Mara moja tu sauti ya mzee ilibadilika. Aliuliza kama mtu akiugua kule, kuna wa kumtazama. Atanasi akasema, wao wanakwenda wengi pamoja, mzee, na wanajuana. Si kama sie. Shangazi aliweka ukili chini akajifuta pua kwa upindo wa kanga.

Mie nilikuwa na hoja yangu. Kesho yake shangazi alipokwenda sokoni nilimfuata Atanasi kibandani, nikasimama mbele yake mpaka akaacha tezo. Nilimwambia anieleze njia. Nilimwambia amfundishe Shabani, kama kule kukiharibika, apite wapi, alale wapi, avuke mto mahali gani. Nilikuwa na miaka kumi na tisa na nilikuwa na sabuni kwenye sanduku. Sikuona kwa nini mwenye kujua njia asiitoe. Atanasi alinitazama kwa huruma ambayo niliichukia.

"Dada Zuhura, kutoroka hakufundishwi," akasema. "Mtu akifika mahali pale, miguu yenyewe inajua. Kama hajafika ukamfundisha, unamharibu, atakuwa kule nusu na huku nusu, na mtu wa nusu ndiye anayekufa. Halafu mie nilipokimbia nilikuwa na pa kukimbilia, nimekuja kwenu. Shabani akikimbia, aje wapi? Hapa ndipo kwao, na mlango wa hapa anaufungua mzee Mtepa."

Nikakasirika, nikamwambia ni rahisi kusema hivyo aliyekwisha kupona. Akasema ndiyo, ni rahisi. Akarudi kwenye gogo lake. Basi nikamwambia Shabani mwenyewe, Jumapili ya mwisho, tulipokuwa tunatembea kuelekea Temeke kituoni. Nilimwambia asiende. Nilimwambia wapo watu wamekimbia na leo wanakula ugali na watu. Akanishika mkono, barabarani, mbele za watu, jambo ambalo hakuwahi kulifanya, akaniomba nisimwambie tena neno hilo, maana akilisikia kwangu litakwenda naye. Sikulisema tena.

Mchana wa siku hiyohiyo, kabla hatujaenda kituoni, shangazi alikuwa amepika pilau. Sitasahau alivyoupata mchele ule. Alizunguka mpaka Buguruni kwa miguu, akabadilisha kanga mpya doti nzima. Nyama ilikuwa kidogo, viazi vingi, lakini harufu ya bizari ilijaa mpaka barabarani na watoto wa jirani wakaja kukaa kibarazani wakijifanya wanacheza. Tulitandika mikeka miwili. Sajini alitoka chumbani kwake, akatazama sinia, akauliza Atanasi yuko wapi. Shangazi akasema yuko kibandani, hakutaka kuwa kikwazo. Sajini akaenda uani mwenyewe kumwita. Walipokaa, mzee akachukua birika na beseni, kazi ambayo nyumbani kwetu ni ya mdogo kuliko wote, nami nikainuka kumpokea, akanikataza kwa jicho. Akamnawisha mwanawe kwanza. Akamnawisha mgeni mmoja wa jirani. Akafika kwa Atanasi, akasimama na birika lake hewani, na nilidhani labda goti linamuuma. Halafu akamimina, polepole, mpaka mikono yote miwili ikawa safi, akampa na kitambaa cha kujifutia. Wakala. Pilau ikaisha mpaka ukoko.

Shabani alikwenda. Miezi iliyofuata ilikuwa ya redio. Betri zilikuwa adimu kama sukari, tukawa tunazianika juani mchana juu ya bati zipate nguvu ya jioni. Sajini na Atanasi walikaa kibandani, redio katikati, na Atanasi akawa anatafuta steshini za kwao, za Kireno, akisikiliza kwa kichwa kilichoinama na kumtafsiria mzee. Taarifa zilipokuwa mbaya alikuwa anatafsiri pungufu, nami nilikuja kujua hivyo kwa sababu alikuwa anasikiliza muda mrefu na kusema maneno mafupi. Mzee naye alijua. Alikuwa anamtazama usoni na si redioni. Ili mikono isikae bure, Sajini akaanza kusugua vinyago kwa msasa, na kwa kuwa alikuwa Sajini, akaanza kuvikagua pia. Sikio la huyu haliko sawa na la pili. Mguu wa tembo huyu mfupi. Atanasi akawa anarekebisha, kweli anarekebisha, na wachuuzi wa Mwenge wakaanza kusema vinyago vya Tandika vimetulia. Watu waliopita nje walidhani ni baba na mwanawe. Siku moja nilimsikia mzee akimwambia kwamba yule Mzigua wake alikuwa anapenda kuvuta kiko chenye kichwa cha mpingo. Walikuwa wanaongelea wafu wao kama watu wanaopeana mbegu.

Shabani alirudi mchana, siku ya foleni ya sukari. Nilikuwa kwenye foleni tangu alfajiri na nilikuwa nakaribia dirisha wakati mtoto wa jirani alipokuja akinivuta gauni. Nikaiacha foleni, nikauacha na mfuko wangu, nikakimbia mpaka nyumbani na kandambili mkononi. Korido ilikuwa na giza baada ya jua la nje. Nilimkuta amelala mkekani palepale tulipokuwa tunakula, sare yake imekuwa rangi ya udongo, amekonda mpaka masikio yameonekana makubwa, mdomo wazi, usingizi wa mtu aliyelishwa usingizi. Hakuwa amefika hata chumbani. Baba yake alikuwa amepiga magoti chini upande wa mguu wa kulia, lile goti lisilokunjika limekunjwa kwa nguvu, na Atanasi upande wa kushoto, kila mmoja anafungua kamba za buti moja. Kamba zilikuwa zimekauka kwa tope, hazifunguki. Hawakutaka kuzikata na hawakutaka kumwamsha. Walifanya kazi ile polepole kabisa, kama wachongaji wawili kwenye kinyago kimoja. Mzee alikuwa analia bila kujificha. Shangazi akaninyooshea kidole nikae nisiseme kitu. Nikakaa mlangoni, nikawatazama mpaka buti zikatoka.

Alikuja kunioa baada ya Ramadhani iliyofuata. Atanasi aliolewa na mji huu, kama tulivyokuwa tukimtania. Alipata mke wa Kimwera, akahamia Mbagala, akazaa watoto wanne, akawa na wanafunzi wake wa uchongaji, na vita vya kwao vilipokwisha alikwenda kusalimia akarudi. Alisema alimkuta dada yake. Alisema pia kwamba alifika kusini, akatafuta kaburi, akakuta shamba la mahindi, mahindi mazuri, akala moja la kuchoma akageuza. Sajini alipougua, yeye na Shabani walimuuguza zamu kwa zamu mpaka akafa mikononi mwao. Lakini hayo ni ya miaka mingine. Mwaka ninaousema mie ni ule mmoja wa ugali wa njano, na nikiulizwa leo nichague mwaka wa kurudia, wenye sukari ama wenye foleni, sitachelewa kujibu.

Jumapili, siku ya pili ya msiba, Shabani alirudi kutoka Mbagala jioni na kukaa uani kwetu kwenye kigoda bila kuvua kofia. Naye alikuwa amesikia maneno ya yule kijana wa turubaini, maana walikaa safu moja. Miaka yote ya ndoa yetu hajawahi kunisimulia ya kule ng'ambo, nami kwa lile aliloniomba njiani kuelekea kituoni, sijawahi kumuuliza. Nilimpelekea chai. Akaipokea, akaniambia nikae.

"Na mie nilitaka kukimbia," akasema. "Si siku moja. Kila siku."

Nikamuuliza nini kilimzuia. Nilitegemea ataniambia bendera, au baba yake, na kwa ubinafsi wangu nilitegemea atanitaja. Akafikiri sana, mzee wa watu, kama anayetaka kuwa mkweli kwa mara moja na kumaliza.

"Tulikuwa na Mgogo mmoja mpishi, mguu wake ulikuwa na kidonda," akasema. "Kila asubuhi nilikuwa najiambia naondoka leo. Halafu namwona anahangaika na kuni. Najiambia nimkatie hizi za leo, nitaondoka kesho."

Akanywa chai yake. Nikamuuliza yule Mgogo alikuwa anaitwa nani. Akaniambia, na jina la baba yake, na kijiji chake, na jinsi alivyokuwa anaunguza uji kwa kusahau, akaendelea kunieleza mpaka chai ikapoa na ikabidi niinuke kuwasha taa ya uani.